Mrufani Hakufika

Zamani, lakini si za kale, maana mkubwa mmoja aliyehusika bado anapita na king'ora na sisi bado tunampisha, palikuwa na nchi iliyoitwa Taratibu. Ilikuwa nchi njema. Kila jambo lilikuwa na utaratibu wake, kila utaratibu ulikuwa na fomu yake, na kila fomu ilikuwa imekwisha, urudi wiki ijayo. Watu wake walikuwa wapole. Wasio wapole walikuwa wamefungwa, kwa hiyo takwimu za upole zilipendeza sana.

Katika kijiji cha Igumbo waliishi ndugu wawili wa tumbo moja. Mkubwa alikuwa dada, Kashindye, fundi cherehani aliyeshona sare za shule za kata nzima. Mdogo wake, Nkwabi, aliendesha pampu ya maji ya kijiji. Mama yao alikuwa bado hai, jicho moja limeingia ukungu, na kazi pekee iliyombakia ilikuwa kumuuliza kila apitaye kama Nkwabi amekula.

Siku moja Waziri wa Maji na Sherehe alifika Igumbo kuzindua bomba jipya. Ngoma zikapigwa, utepe ukakatwa, Waziri akafungua koki. Koki ikakohoa, ikatema jongoo mmoja mkavu, ikanyamaza. Wananchi, kwa kuwa walikuwa na adabu, wakapiga makofi. Mambo yangeishia hapo na sisi tungekuwa hatuna hadithi, lakini Waziri alijisikia kutania. Akamsogezea Nkwabi kipaza sauti.

"Wewe ndiye mwenye pampu. Hebu waambie wananchi, maji yao yako wapi?"

"Yako mtoni, Mheshimiwa," Nkwabi akajibu. "Bomba halijaunganishwa. Tuliwaandikia barua tatu."

Alisema kwa upole, kama mtu anayemwelekeza mgeni njia. Kabla jua halijazama alikuwa ndani ya karandinga.

Alishtakiwa kwa kosa la kulidhalilisha bomba la umma mbele ya kiongozi. Kesi ilichukua dakika tisa. Nkwabi alijitetea kwamba aliyoyasema yalikuwa kweli, na hakimu wa wilaya alilipima jambo hilo kwa uzito unaostahili. Akasema ukweli wa maneno hayo haumsaidii mshtakiwa hata kidogo, bali unalikuza kosa, kwa sababu uongo ungeweza kupuuzwa. Akampa miaka saba.

"Naweza kukata rufaa?" Nkwabi akauliza.

"Katika nchi hii rufaa ni haki ya kila mtu," hakimu akasema, na macho yake yalilainika kidogo, maana aliipenda nchi yake. "Ila ni juu yako kuifuatilia ipasavyo."

*

Nkwabi alipelekwa Gereza la Ukarimu, lililo katika mji mkuu, ng'ambo ya barabara kutoka Mahakama Tukufu ya Rufaa. Kashindye alipoliona hilo mara ya kwanza alifarijika. Alidhani ukaribu utasaidia.

Rufaa ilipokewa vizuri na kupigwa mhuri. Kisha ukasubiriwa mwenendo wa kesi, yaani maandishi ya yote yaliyosemwa, na mwenendo huo, uliochukua dakika tisa kutamkwa, ulichukua miezi kumi na tisa kupigwa chapa. Mpiga chapa alikuwa mmoja kwa nchi nzima na alikuwa na likizo zake. Hatimaye, asubuhi moja, Kashindye alikwenda kufagia kwenye nyumba ya mdogo wake, nyumba iliyofungwa kufuli tangu siku ya bomba, akakuta karatasi imebandikwa mlangoni kwa gundi nyingi. Ilimtaka Nkwabi mwana wa Lugiko afike yeye mwenyewe, bila kukosa, mbele ya Mahakama ya Rufaa, Jumatatu ya kwanza ya mwezi, saa tatu kamili.

Akaibandua kwa maji ya moto asiichane, akasafiri nayo hadi gerezani.

Mkuu wa gereza, Afande Ndelwa, alikuwa mtu mwema. Alimpa kiti na akaisoma karatasi mara mbili.

"Dada yangu, hii imetumwa nyumbani kwake," akasema. "Kwa hiyo anayeitwa ni Nkwabi wa nyumbani. Mimi hapa ninaye namba elfu nne mia nne sabini na moja. Nikimtoa kwa karatasi hii nitakuwa nimemtorosha mfungwa."

"Afande, ni mtu mmoja."

"Mimi na wewe tunajua ni mmoja. Karatasi haijui. Kaniletee amri ya Mahakama yenye namba yake, nami nitamleta hata kwa kumbeba."

Kashindye akavuka barabara. Kwenye dirisha la masijala alimkuta karani aitwaye Fabiola, ambaye miguu ilikuwa imemvimba na viatu alikuwa amevivua chini ya meza.

"Amri ya kumtoa mfungwa huombwa na mrufani mwenyewe, mama," Fabiola akasema. "Hapa dirishani, na kitambulisho chake."

"Yuko gerezani. Hapo ng'ambo."

"Basi mwambie aje aombe aletwe."

Kashindye alimtazama aone kama anatania. Karani hakuwa anatania. Alikuwa amechoka, na nyuma ya Kashindye kulikuwa na watu arobaini, kila mmoja na karatasi yake.

*

Jumatatu ilipofika Kashindye aliwahi saa moja, amevaa gauni aliloshona mwenyewe kwa ajili ya siku hiyo, akaketi benchi la mbele. Chumba cha mahakama kilikuwa na madirisha makubwa yaliyotazama bustani, na bustani ilikuwa imejaa wafungwa wanaofyeka nyasi, maana waheshimiwa majaji walipenda nyasi fupi. Kashindye alitazama nje kwa mazoea tu. Yule wa tatu kutoka kwenye mti wa msonobari, aliyeinama na fyekeo, mgongoni 4471, alikuwa Nkwabi.

Akaamini kwamba Afande Ndelwa amepata njia.

Jaji Theobaldi Kagoro akaingia, watu wakasimama, watu wakakaa. Tarishi akaenda mlangoni, akajaza kifua hewa, akaita kuelekea bustanini, "Nkwabi mwana wa Lugiko." Njiwa wakaruka. Akaita mara ya pili. Kule kwenye nyasi mtu mmoja alinyoosha mgongo na kuinua mkono, na askari magereza aliyekuwa kivulini akamwonyesha kwa kirungu arudi chini, kwani mfungwa akiwa kazini haruhusiwi kuzungumza na raia. Tarishi akaita mara ya tatu, kama sheria inavyodai, akarudi.

"Mheshimiwa Jaji, nje hakuna mtu. Wapo wafungwa tu."

Wakili wa Serikali, Bwana Stamili, akainuka na kufunga kifungo cha koti. "Mheshimiwa, Jamhuri imefanya kila jitihada ya kumtafuta mrufani huyu. Inasikitika kusema haijui aliko."

Kashindye akasimama. "Mheshimiwa, ni yule pale. Yule wa tatu."

"Wewe ni wakili?" Jaji akauliza.

"Hapana, Mheshimiwa. Ni dada yake."

"Basi Mahakama haijakusikia. Kaa."

"Ukigeuka tu, Mheshimiwa, utamwona."

Jaji Kagoro hakugeuka. Alieleza, bila hasira, kwamba jaji huamua kwa yaliyomo kwenye jalada, na kwamba siku majaji watakapoanza kuamua kwa kuchungulia madirishani, nchi itakuwa imekwisha. Kisha akasoma uamuzi. Mrufani amepewa nafasi adhimu ya kusikilizwa, ameitwa mara tatu kwa sauti ya kutosha, amechagua kutofika. Rufaa inatupiliwa mbali kwa kutofuatiliwa ipasavyo.

Nje, nyasi zilikuwa zimekatwa vizuri sana. Kashindye alipopita karibu na wafungwa hakuruhusiwa kusimama. Nkwabi alimuuliza kwa macho, naye akatikisa kichwa, akaendelea kutembea mpaka alipofika ukuta wa choo cha umma. Hapo ndipo alipolia.

*

Nchi ya Taratibu haikumwacha mtu bila njia. Aliyetupiwa rufaa aliweza kuomba irudishwe, mradi ombi lipelekwe ndani ya siku thelathini likiwa na nakala ya uamuzi. Nakala ilichukua siku mia mbili na kumi na nne kupigwa chapa. Lakini hata hapo sheria ilikuwa na huruma. Aliyechelewa alisamehewa akieleza kwa kiapo sababu ya kuchelewa, siku moja baada ya nyingine, pasipo kuruka hata moja.

Afande Ndelwa ndiye aliyemdokeza Nkwabi aanze kuandika mapema, akampa karatasi. Kila siku ikapata ukurasa wake.

*Siku ya kwanza. Nilikuwa gerezani nikisubiri nakala.*

*Siku ya pili. Nilikuwa gerezani nikisubiri nakala.*

*Siku ya arobaini. Niliuliza kuhusu nakala. Niliambiwa nisubiri.*

*Siku ya sitini na tatu. Nilifyeka bustani ya Mahakama. Nililiona dirisha la mpiga chapa. Lilikuwa limefungwa.*

Siku ya tisini na saba Kashindye alikuja, na haikuwa siku ya kutembelea wafungwa. Nkwabi alipokiona tu kilemba cha msiba alichojifunga akajua.

"Lini?" akauliza.

"Alfajiri. Hakuumwa sana." Walikuwa wametenganishwa na nyavu mbili za waya, ikawabidi wapaze sauti kusema mambo ambayo watu huyanong'ona. "Jana aliniuliza kama umekula. Nikamwambia umekula."

Nkwabi aliomba ruhusa ya kwenda kuzika. Afande Ndelwa alimwonyesha fomu yenyewe, asije akadhani anafichwa. Ruhusa ya mazishi ilichukua siku saba za kazi, na maiti katika joto lile isingengoja. Mama akazikwa kesho yake, Kashindye akatupa udongo wa kwake, kisha akatupa wa mdogo wake.

Usiku wa siku ile aliyopewa habari, kalamu ya Nkwabi haikufika mbali. Aliandika *Siku ya tisini na saba* na nukta, akaishia hapo. Siku ya tisini na nane aliendelea, nilikuwa gerezani nikisubiri nakala, mpaka zikatimia zote.

Nakala ilipotoka, Kashindye alizikusanya karatasi zile, akazibana kwa pini, akazipeleka dirishani. Fabiola akazirudisha. Kanuni ilitaka hati yenye kurasa zaidi ya mia ishonwe kwa uzi mweupe upande wa kushoto. Kwa mara ya kwanza tangu mambo haya yaanze, Kashindye alicheka. Jambo la kushona alilijua.

Alirudi Igumbo, akakaa na sindano ya gunia, akatoboa na kuvuta, ukurasa kwa ukurasa, na alipofika katikati akaukuta ule mweupe. Akasimamisha sindano. Kalamu ilikuwa pale pale, ndani ya kopo la chaki za kupimia. Mwandiko wa mdogo wake aliujua, yeye ndiye aliyemfundisha kushika kalamu. Maneno yenyewe yalikuwa manne tu, na yalikuwa kweli: siku ile Nkwabi alikuwa gerezani, na alikuwa anasubiri nakala.

Aliishika kalamu muda mrefu. Kisha akairudisha koponi, akashona. Aliona kwamba kuandika hivyo ni kumzika mama mara ya pili, tena chini ya jina la mpiga chapa.

*

Safari hii Nkwabi aliletwa. Ombi lilikuwa na namba yake ya jela, kwa hiyo hapakuwa na shaka kwamba yeye ndiye. Alisimama kizimbani, amekonda, mikono mbele. Jaji Kagoro alikuwa ameisoma hati yote. Hilo lazima lisemwe, maana watu wa nje husema majaji wa Taratibu walikuwa wavivu. Hakuwa mvivu. Alikuwa ameisoma neno kwa neno, na penye ukurasa mmoja alikuwa ameweka kipande cha karatasi nyekundu.

"Mwombaji, umeeleza siku mia mbili na kumi na tatu. Mahakama inakupongeza kwa bidii hiyo. Siku ya tisini na saba ulikuwa wapi?"

"Gerezani, Mheshimiwa."

"Haijaandikwa."

"Mama alifariki siku hiyo, Mheshimiwa. Sikuweza kuandika."

Jaji Kagoro akavua miwani. "Mama hana badala yake," akasema, na ilionekana anasema kutoka moyoni. "Naomba wote tusimame kwa dakika moja."

Wakasimama. Bwana Stamili aliinamisha kichwa, tarishi alivua kofia, askari magereza akasimama wima. Kashindye alisimama pia, na kwa dakika ile moja aliamini. Aliona mabega ya mdogo wake yakishuka, kama mtu anayetuliwa mzigo.

Wakakaa. Jaji akavaa miwani.

"Hata hivyo," akasema, "maneno hayo hayamo katika hati ya kiapo. Maelezo yanayotolewa kizimbani si ushahidi, hata yakiwa ya kweli, hata Mahakama ikiyasimamia kwa dakika moja. Siku ya tisini na saba haina maelezo. Mnyororo uliokatika pingili moja si mnyororo. Ombi linatupiliwa mbali."

Walimtoa Nkwabi kwa mlango wa pembeni. Kabla hajapita aligeuka kumtafuta dada yake, na Kashindye akainamisha uso, asiweze kumtazama, kwa sababu ya ile kalamu.

Wiki mbili baadaye alikwenda kumwona na akamweleza. Nkwabi alisikiliza nyuma ya waya zile mbili.

"Ungeandika ningekukasirikia," akasema.

"Ungekuwa nje."

"Ningekuwa nje, nimekukasirikia." Akafikiri kidogo. "Nadhani ningependa hivyo, dada. Lakini usiniulize tena."

*

Mwaka wa mwisho wa kifungo cha Nkwabi, katika Wiki ya Sheria, kulikuwa na maandamano na fulana. Jaji Kagoro alitunukiwa nishani kwa kumaliza mrundikano wa mashauri. Katika hotuba yake alisema kwamba mwaka ulianza na rufaa elfu moja mia mbili, na sasa zimebaki kumi na moja.

"Na hizo kumi na moja," akaongeza, kukawa na makofi, "ni za Serikali, ambazo zinashughulikiwa kwa uangalifu."

Hakuna aliyeuliza zinahusu nini.

Nkwabi alimaliza kifungo chake hadi siku ya mwisho. Alirudi Igumbo nywele zimeingia mvi kabla ya umri. Pampu ilikuwa imepewa mtu mwingine, mtu asiyejibu akiulizwa, kwa hiyo Nkwabi akachukua kipande cha shamba la mama kando ya kilima akaanza kulima mihogo. Alilima vizuri. Jioni alikaa kwa Kashindye akisikiliza cherehani, haongei sana, na Kashindye hakumsukuma.

Mwezi wa nne wa uhuru wake, mjumbe alileta barua na kumkabidhi mkononi. Moja ya zile rufaa kumi na moja ilimhusu yeye. Serikali ilikuwa imekata rufaa ikisema miaka saba ni michache kwa heshima ya bomba. Rufaa hiyo ilikuwa imechelewa miaka sita, na sababu ya kuchelewa ilielezwa kwa maneno mawili: shughuli nyingi. Mahakama ilikuwa imeridhika.

Jumatatu ya kwanza Nkwabi alifika saa mbili. Bwana Stamili hakufika. Shauri likaahirishwa. Mwezi uliofuata Nkwabi alifika, Stamili akaleta salamu kwamba yuko semina, ya kuharakisha mashauri. Mwezi wa tatu hakuleta salamu. Nkwabi akainua mkono akauliza kama rufaa isiyofuatiliwa haipaswi kutupwa.

"Serikali haiwezi kusemwa kwamba haifuatilii," Jaji Kagoro akamjibu kwa uvumilivu. "Serikali ndiyo inayofuatilia kila kitu. Ndiyo maana inachelewa."

Mwezi wa nne ikawa vilevile. Mwezi wa tano mawingu yalianza kujikusanya, na pingili za mihogo zilikuwa zimekatwa tayari, na kila aliyewahi kulima anajua mvua haina ahirisho. Nkwabi alikwenda shambani Jumatatu ile.

"Na mahakama?" Kashindye akamuuliza.

"Hawatakuja. Hawajaja miezi minne."

Saa tatu jina lake likaitwa mlangoni mara tatu. Bwana Stamili hakuwapo pia, lakini hilo halikuandikwa. Kilichoandikwa ni kwamba mjibu rufaa amedharau rufaa ya Serikali, na hati ya kumkamata ikatolewa papo hapo, imekwisha kupigwa chapa.

Saa tano Kashindye alikuwa anapanda kilima na uji ndani ya kopo. Hapakuwa na barabara ya kufika kule, wala namba, wala kibao. Askari wawili walikuwa wameshafika. Hawakubandika karatasi na hawakumuuliza jina. Walimjua kwa sura.

"Niacheni nimalizie tuta hili," Nkwabi alikuwa anasema.

"Hilo haliko kwenye hati," mmoja akamjibu, bila ubaya.

Nkwabi akachomeka jembe ardhini akanyoosha mikono. Alipompita dada yake alisimama, na askari wakamruhusu, kwa kuwa huyu alikuwa bado hajawa mfungwa na kuzungumza kulikuwa halali.

"Pingili ziko kivulini, chini ya gunia," akasema. "Zimwagie maji, zisikauke."

"Nkwabi, kunywa uji kwanza."

Akanywa kidogo amesimama, pingu zikigonga kopo, akamrudishia. Wakashuka naye.

Kashindye alibaki pale mpaka vumbi la gari likatulia huko bondeni. Hakuenda kutafuta wakili, na siku ile hakwenda popote. Aliweka kopo chini, akafunga khanga kiunoni, akaling'oa jembe, akaendelea pale mdogo wake alipoachia. Alipofika mwisho wa tuta akaanza jingine.